Masufuria ya bwana: jibu kwa aliyeuliza kuhusu Mina Loy

"Shikamoo mwalimu. Niko mwaka wa tatu, nasomea fasihi. Kwenye mada za tasnifu nimepangiwa mshairi anayeitwa Mina Loy. Nimemsoma mara tatu naona maneno ya hospitali na vistari tu, naambulia patupu. Wenzangu waliopangiwa Virginia Woolf wana vitabu tele vya kuwasaidia, mimi nina viwili vitatu. Je, huyu mama alikuwa hodari kweli, au ni mtindo wa siku hizi wa kufufua kila mwanamke aliyesahaulika? Na kama alikuwa hodari, alisahauliwa kwa sababu ni mwanamke? Nianzie wapi?"

Marahaba, binti yangu. Nianze na swali la mwisho maana ndilo lenye haraka.

Nahisi umeingia kwa mlango wa nyuma, kwenye zile nyimbo zake 34 za mapenzi. Funga ukurasa huo, fungua "The Effectual Marriage", shairi kuhusu ndoa iliyotengemaa. Lilitoka mwaka 1917 katika mkusanyo wa jarida la Others la New York. Mke anaitwa Gina, mume Miovanni. Badilishana herufi zao za kwanza utapata Mina na Giovanni, yaani Giovanni Papini, mwandishi wa Florence ambaye Loy alikuwa na uhusiano naye. Hakujisumbua sana kujificha. Jioni wawili hawa wanatazama nje, kila mmoja kwa dirisha lake: bwana kwa dirisha la maktaba, bibi kwa dirisha la jikoni, katikati ya vyungu na masufuria, mahali ambapo bwana kwa wema wake amemweka.

Sasa angalia neno moja dogo. Kwenye Kiingereza, masufuria yale ni ya mume. Anayeyasugua ni Gina, mwenye mali ni Miovanni, na habari yote hiyo imebebwa na kimilikishi cha herufi tatu, "his". Jaribu kulileta kwetu uone linavyoponyoka. "Katikati ya masufuria yake": ya nani? Kimilikishi chetu hakiulizi mume wala mke. Itabidi useme "masufuria ya bwana", na ukisema hivyo umeshapaza sauti pale ambapo Loy alinong'ona tu. Nimewapa wanafunzi kibarua hiki kwa miaka mingi na sijapata bado tafsiri iliyoniridhisha, lakini hakuna aliyemaliza zoezi hilo akaendelea kudai kwamba Loy hasemi kitu. Yeye husema kwa adabu, kwa ubaridi, kwa sauti ya mtu anayesoma orodha ya vitu vya mnada. Ukali umelala chini ya adabu hiyo.

Ukishaizoea sauti hiyo, yale "maneno ya hospitali" hayatakutisha. Ila yana historia yake, na inaanzia nyumbani kwao.

Alizaliwa London tarehe 27 Desemba 1882, jina lake Mina Gertrude Lowy. Baba yake, Sigmund, alikuwa Myahudi aliyehamia kutoka Hungaria, fundi wa nguo aliyejaliwa riziki. Mama yake, Julia Bryan, alikuwa Mwingereza Mprotestanti aliyeona aibu ya jambo lolote la mwili. Nyumba haikuwa na raha. Miaka mingi baadaye, kati ya 1923 na 1925, Loy alichapisha kwa vipande utenzi mrefu wa maisha yake, "Anglo-Mongrels and the Rose", ambamo baba anaitwa Exodus, mama ni waridi la Kiingereza, na yeye mwenyewe ni mtoto anayeitwa Ova, yaani mayai. Neno la kwanza la jina la utenzi huo, tukilisema bila kupakapaka sukari, ni machotara.

Katika utenzi huo kuna tukio ambalo kwangu ndilo funguo. Ova, mdogo kabisa, anawasikia watu wazima wakizungumzia mtoto mchanga anayeharisha. Neno la Kiingereza analidaka likiwa limekatika mwanzo: "iarrhea". Hajui maana yake. Kwake ni kitu kizuri, kinang'aa, analishika kama mtoto anavyoshika kipande cha chupa ya kijani. Loy anasema hapo kwamba msichana huyu wa nchi isiyo ya mtu anaulazimisha uzuri utoke kwenye kinyesi na dawa. Basi umeipata kazi yake ya miaka 50 kwenye kitendo kimoja: neno ambalo wengine wanalinong'oneza kwa haya au kuliacha kwa daktari, yeye analiokota na kulitazama kwenye mwanga.

Na alilisikia hivyo kwa sababu Kiingereza cha nyumbani kwao kilikuwa na watu wawili ndani yake, mwenyeji na mgeni. Mwaka 1925 aliandika insha fupi kuhusu ushairi mpya, akaitoa katika jarida la wanawake liitwalo Charm. Hoja yake ni kwamba ilikuwa lazima ushairi ufufuke Marekani, kwa kuwa huko zimezaliwa lugha elfu, na kila moja, walau kwa kuelewana, ni Kiingereza. Sisi ambao Kiswahili chetu ni kimoja Lamu, kingine Lubumbashi na kingine tena Kariakoo, hatuhitaji kufafanuliwa sentensi hiyo.

Alianza kama mchoraji. Alisomea Munich, London na Paris, akafupisha jina kuwa Loy, akaonyesha kazi zake kwenye Salon d'Automne, maonyesho ya sanaa ya Paris. Tarehe 31 Desemba 1903 aliolewa na mchoraji Mwingereza, Stephen Haweis. Mtoto wao wa kwanza, Oda, alifariki akiwa na umri wa mwaka mmoja hivi. Walihamia Florence, akazaa wengine wawili, Joella mwaka 1907 na Giles mwaka 1909. Ndoa ilikuwa imekwisha muda mrefu kabla ya talaka ya 1917.

Florence ndiko alikokutana na Wafuturisti. Hawa ni kundi la Filippo Marinetti, wapenda magari, mitambo na vita, ambao ilani yao ya 1909 ilitangaza waziwazi dharau kwa mwanamke. Loy alikuwa na uhusiano na Marinetti mwenyewe, kisha na Papini, ambao kati yao kulikuwa na ugomvi. Utasoma makala nyingi zinazokaa kwenye habari hizo za kitandani kama nzi kwenye embe. Zipitie upesi. La maana ni kwamba alichukua vifaa vyao, yaani ilani, herufi za ukubwa tofauti, sentensi zilizovunjwa sarufi na uakifishi, akavitumia kuandika mambo ambayo wao wasingethubutu. Walikuwa wakiimba mashine na mlipuko. Loy akauliza: mlipuko mkubwa kuliko kuzaa ni upi?

"Parturition" lilitoka Oktoba 1914 katika jarida la The Trend. Ni shairi la uchungu wa uzazi likisemwa na mzazi mwenyewe akiwa katikati yake, na wataalamu wengi wanalihesabu miongoni mwa ya kwanza ya aina hiyo kwa Kiingereza. Linaanza kwa kusema yeye ni kitovu cha duara la maumivu linalovuka mipaka yake kila upande. Hapa Kiswahili kinalipa deni la yale masufuria: Kiingereza kinasema katikati tu, sisi tuna kitovu, na kwenye shairi la kuzaa neno hilo linabeba mtoto mzima. Uchungu unapanda na kushuka, na mistari nayo inarefuka na kufupika pamoja nao. Lisome kwa sauti utaona pumzi inavyokukatika. Wakati huohuo mwanamume fulani anapanda ngazi mbio, mwepesi, hana habari. Mzazi anamwona paka na watoto wake ambao hawajafumbua macho, na anajiona yeye na paka ni kitu kimoja. Hakuna malaika wala machozi ya furaha. Asubuhi yake wanawake wa kawaida wanapita kwa kunyata juu ya zulia jekundu, kila mmoja na kiduara cha nuru kichwani, kidogo cha kuchekesha, ambacho mwenyewe hana habari nacho. Kisha shairi linakumbuka maneno yaliyosikika kanisani, kwamba Mungu aliwaumba mwanamume na mwanamke, na linajibu: Mungu ashukuriwe. Msomaji akijua alichotoka kukisoma, shukrani hiyo inamkwama kooni.

Sasa yale maneno ya kitaalamu. Mwandishi wa zama zake aliyetaka kusema mwili wa mwanamke alikuwa na misamiati miwili mkononi: ya maua na ya matusi. Ya maua ilikuwa ya uongo, ya matusi ilikuwa ya wanaume. Loy alichukua ya tatu, ya maabara na wodi, kwa sababu ilikuwa haijachafuliwa na yeyote kati ya hao. Anaposema utando wa kamasi kwenye wimbo wa mapenzi hataki kukuonyesha alivyosoma. Mshairi Ezra Pound, alipoandika mwaka 1918 kumhusu yeye na mshairi mwenzake Marianne Moore, alilazimika kubuni jina la aina hii ya ushairi: logopoeia, dansi ya akili katikati ya maneno na fikra. Usilipe jina hilo nafasi kubwa sana katika tasnifu yako. Pound alipenda majina.

Rudi sasa kwenye zile nyimbo 34, "Songs to Joannes". Nne za kwanza zilitoka Julai 1915 katika toleo la kwanza la Others, zote zikatoka pamoja Aprili 1917 na kujaza toleo zima. Ziliwaudhi watu, mshairi Amy Lowell wa Boston alikuwa miongoni mwa waliokasirika. Ufunguzi wake ni huu: Kupidi, yule mungu mtoto wa mapenzi, ni nguruwe, na kwa pua lake la rangi ya waridi anafukua takataka za ashiki. Anachokifukua, ndani ya alama za kunukuu, ni "Hapo zamani za kale". Umeona? Nguruwe amechimba jaani akatoka na mwanzo wa hadithi. Kila wimbo wa mapenzi ulioimbwa kabla yake, kila paukwa pakawa ya binti mfalme, imekuwa uchafu mdomoni mwa mnyama, lakini uchafu ambao bado una kijinyota cheupe kilichoota juu yake. Hasemi kwamba mapenzi hayapo. Analia kwa ajili ya mapenzi yaliyomshinda, ila anakataa kulia kwa sauti ya kuazima. Vile vistari unavyolalamikia ni mahali ambapo angelia. Wimbo wa mwisho una mstari mmoja tu: Mapenzi, kisha vistari vitatu, kisha maneno kwamba ndiye bingwa wa waandishi. Baada ya nyimbo 33 anakuambia aliyeandika yote haya ni mapenzi mwenyewe, na mwandishi huyo huongopa.

Wengine watakukaripia kwamba huu si ushairi kwa kuwa hauna vina wala mizani. Ugomvi huo tuliupigana hapa kwetu miaka ya 1970 na umekwisha, au ulipaswa kuwa umekwisha.

Kuna kazi moja itakayokuletea shida, na afadhali uikute ukiwa umejiandaa. Novemba 1914 aliandika "Feminist Manifesto" akamtumia rafiki yake Mabel Dodge. Haikuchapishwa hadi 1982, miaka 16 baada ya kifo chake. Humo anawaambia wanawake waache kuwatazama wanaume ili wajue wao si nani, wajitazame wenyewe wajue ni nani. Anasema wamebakiwa na njia tatu: kuwa kupe, kuwa malaya au kujikana. Anapendekeza ubikira uondolewe kwa upasuaji kwa kila msichana anapobalehe, ili thamani yake isipimwe tena kwa kitu hicho. Pendekezo hili limeandikwa kwa ukali wa ilani za Wafuturisti, na unaweza kulisoma kama kofi la makusudi. Lakini aya inayodai mwanamke mwenye akili nyingi ana wajibu kwa mbari yake wa kuzaa kiasi cha kufidia wale "wasiofaa" si kofi wala mzaha. Ni fikra ya uboreshaji wa vizazi iliyokuwa imeenea kwa wasomi wa wakati ule, na tunajua ilikopelekea watu. Binti wa Myahudi mhamiaji ndiye aliyeiandika. Usimtetee, wala usiiruke aya hiyo kama wafanyavyo wanaobandika ilani ile ukutani.

Nije kwenye kusahauliwa.

Jibu la haraka ni kwamba wanaume walimfuta. Ukilichunguza halisimami vizuri. Waliomchapisha, kumsifu na kumfufua walikuwa wanaume kwa sehemu kubwa: Alfred Kreymborg wa Others, Pound, Robert McAlmon aliyemtolea kitabu cha kwanza huko Paris mwaka 1923, Kenneth Rexroth aliyemtetea kwa maandishi mwaka 1944, Jonathan Williams aliyemtolea cha pili mwaka 1958, na Roger Conover aliyekusanya kazi zake mwaka 1982 na tena 1996. Kitabu kile cha 1923, ambacho jina lake lina maana ya mwongozo wa msafiri wa mwezini, kilitoka hata jina likiwa limekosewa herufi jaladani: Lunar Baedecker badala ya Baedeker. Vitabu viwili maisha yote, kimoja kina kosa jaladani. Woolf alikuwa na mashine ya kuchapia nyumbani na mume wa kuiendesha naye.

Tazama mkate. Oktoba 1916 Loy alivuka kwenda New York, akawaacha watoto Florence. Gazeti moja la jiji lilimfanya mfano wa mwanamke wa kisasa, likasifu nguo zake na kusema mashairi yake yangemtatiza bibi. Akakutana na Arthur Cravan, mshairi na bondia, pandikizi la mtu ambaye shangazi yake ndiye aliyekuwa mke wa mwandishi Oscar Wilde. Aprili ya mwaka huohuo Cravan alikuwa amepigana Barcelona na Jack Johnson, aliyewahi kuwa bingwa wa dunia wa uzito wa juu, akaangushwa raundi ya sita. Alikuwa akiikimbia vita nchi hadi nchi. Walioana Mexico Januari 1918, wakaishi kwa njaa. Mwishoni mwa mwaka huo Cravan alitoweka pwani ya Mexico, yaelekea baharini, na hakuonekana tena. Loy alikuwa mjamzito. Fabienne alizaliwa Uingereza Aprili 1919. Mwaka 1923 Giles, aliyekuwa amechukuliwa na baba yake, alifariki akiwa na miaka 14. Jarida la The Little Review lilipowatumia waandishi maswali mwaka 1929, Loy aliulizwa wakati wake wa furaha kuliko wote, akajibu kwamba ni kila dakika aliyokuwa na Cravan. Na wa huzuni kuliko wote? Muda wote uliobaki.

Mtu wa namna hiyo, mwenye mabinti wawili wa kulea, hakai akisubiri maktaba. Mwaka 1926 alifungua duka Paris, kwa mtaji wa tajiri mpenda sanaa, Peggy Guggenheim, akiuza taa na vifuniko vya taa alivyovibuni mwenyewe, vingine vya umbo la maua na vingine la tufe za dunia. Zilipendwa, watu wakaziiga, duka likadumu miaka michache. Kisha akawa wakala wa Paris wa mkwewe Julien Levy, mume wa Joella, aliyekuwa na nyumba ya maonyesho ya sanaa New York. Mashairi aliyochapisha miaka hiyo ni ya kuhesabika. Riwaya yake, Insel, iliyotokana na urafiki wake na mchoraji Mjerumani Richard Oelze, ilitoka 1991. Hivyo ukiniuliza kama uanamke una mkono hapo, nitakwambia ndiyo, lakini mkono wenyewe ulikuwa wa kodi ya nyumba na ada, mambo ambayo hayaandikwi kwenye historia za fasihi. Ongeza na kwamba hakuwahi kukaa kwenye kazi moja. Wanahistoria wa ushairi waliona taa, wa sanaa waliona mashairi, kila mmoja akadhani ni wa mwenzake.

Alirudi New York 1936, na baadaye akaishi jirani na Bowery, mtaa wa walevi na wasio na makao. Usiiache sehemu hii, hata kama profesa wako atasema tasnifu ni ya fasihi. Akiwa bibi wa miaka zaidi ya 60 alikuwa akiokota makopo, matambara, maboksi na makasha ya mayai barabarani, akaunda kwayo picha za watu waliolala vijiani, akawaandikia na shairi, "Hot Cross Bum". Msanii Marcel Duchamp alisaidia kazi hizo zionyeshwe kwenye Bodley Gallery ya New York mwaka 1959, Loy akiwa tayari ameshahamia Aspen, Colorado, karibu na mabinti zake. Ni mtoto yuleyule wa "iarrhea". Safari hii aliokota vitu badala ya maneno. Alifariki Aspen tarehe 25 Septemba 1966.

Kwa hiyo, hodari? Kwa mashairi kama 15 hivi, ndiyo, tena sana. Mengine yamekaza maneno hadi yamekatika, na unaruhusiwa kusema hivyo. Mpangilio ninaokushauri: "The Effectual Marriage", kisha "Parturition", kisha lile fupi la kumsifu mwandishi Gertrude Stein, anamomwita Curie (yule mwanasayansi Marie Curie) wa maabara ya maneno (hapo anajieleza mwenyewe pia), ndipo urudi kwa Joannes. Wasifu tumia ule wa Carolyn Burke wa 1996. Na Agosti 1965, mwaka mmoja kabla hajafa, washairi wawili, Paul Blackburn na Robert Vas Dias, walimrekodi Aspen akisoma mashairi na kupiga soga. Chuo Kikuu cha Pennsylvania kimeiweka rekodi hiyo mtandaoni. Isikilize kabla hujaandika sura ya kwanza.

Na ile beti ya madirisha mawili, itafsiri, unitumie. Masufuria uyafanyie utakavyo, ila usiniandikie "yake".